Huyu Jaji Mwalusanya aliyetajwa kwenye kikao chetu cha ukoo ni nani?

Koku_Kamachumu

Wakuu habari za jioni.

Baba yangu alifariki Machi mwaka huu, tukamzika kibanjani kwake huku Muleba. Mimi ndiye mtoto wa kwanza. Nyuma yangu wapo wadogo zangu wawili wa kike, na kitinda mimba wa kiume yuko kidato cha tatu. Baba aliacha wosia. Kauandika kwa mkono kwenye karatasi tatu za daftari, mashahidi wamesaini, na humo kibanja chenye nyumba ameniandikia mimi.

Jumamosi iliyopita tulikaa kikao cha ukoo. Baba mdogo akasema wosia ameuona na anauheshimu, ila kibanja ni cha ukoo, kina makaburi ya babu na bibi, na mwanamke kazi yake ni kukaa na kula ndizi zake mpaka siku anapokufa, basi. Kukimiliki kama mali yake, hapana. Wazee wakaitikia. Nikajua yameisha.

Shangazi yangu ana miaka sabini na kitu, shule aliishia darasa la nne. Alikuwa anamenya ndizi mlangoni, hata kwenye kikao hakuitwa. Akasema bila kuinua kichwa: "Hayo aliyamaliza Mwalusanya."

Baba mdogo akanyamaza. Mzee mmoja akakohoa. Kikao kikaahirishwa kwa wiki mbili.

Nilipomuuliza shangazi baadaye, akanijibu tu "jaji wa Mwanza, aliyempa haki yule mama wa huku kwetu". Zaidi ya hapo hajui, na hata hilo alilisikia kanisani miaka hiyo. Mimi ni nesi, sheria naijua ile ya zamu za usiku tu. Mwenye uelewa anisaidie: huyu jaji ni nani, aliamua nini, na uamuzi wake bado una nguvu au ulishafutwa?

Nawasilisha.

Seremala_wa_Nyakato

Ngoja wajuzi waje. Ila huyo shangazi kikao kijacho apewe kiti cha mbele.

Karani_Mstaafu

Pole sana na msiba, binti.

Mimi si mwanasheria. Nilikuwa karani wa mahakama kuanzia 1983, miaka thelathini na tatu ya kufungua majalada na kuyafunga, na Kanda ya Ziwa nimeizunguka yote. Hukumu za Jaji James Mwalusanya nilizijua kwa vidole kabla sijazijua kwa akili. Hakimu wetu akiipata moja kutoka Mahakama Kuu Mwanza anataka nakala yake, na mashine ya kudurufu hatuna, kwa hiyo naketi naichapa upya neno kwa neno kwenye taipureta iliyokuwa na herufi "r" inayoruka. Zilikuwa za Kiingereza, na Kiingereza changu cha kuunga. Lakini mtu huwezi kuchapa kurasa kumi na kitu usielewe kitu.

Anachosema shangazi yako ni kesi ya Ephrahim dhidi ya Pastory. Hukumu ilisomwa tarehe 22 Februari 1990, Mahakama Kuu Mwanza. Sasa soma taratibu, maana inafanana na yako mpaka utashtuka.

Bi Holaria Pastory, mama Mhaya, alirithi ardhi ya ukoo kutoka kwa baba yake. Alirithi kwa wosia halali, kama wewe. Alipofika uzeeni, tarehe 24 Agosti 1988, akaiuza kwa mtu asiye wa ukoo wao kwa shilingi 300,000. Kesho yake, narudia, kesho yake tarehe 25, mwanaukoo wa kiume, Bernardo Ephrahim, akawa ameshafika Mahakama ya Mwanzo Kashasha kufungua madai kwamba mauzo hayo ni batili. Katika kazi yangu sijaona watu wanaowahi masijala kama watu wa kesi za vibanja.

Mahakama ya Mwanzo ikampa yule mwanamume ushindi. Hakimu hakuonea mtu, aliifuata sheria iliyokuwa mbele yake. Mwaka 1963 serikali ilikusanya mila za urithi za makabila mengi na kuziandika kama tangazo la serikali, namba 436, na kanuni ya 20 inasema mwanamke anaweza kurithi, lakini ardhi ya ukoo ataitumia maisha yake tu, hana ruhusa ya kuiuza. Huko Bukoba kulikuwa pia na kanuni za mamlaka ya wenyeji za mwaka 1944, nazo zilimnyima mwanamke kuuza hata ile ardhi ambayo baba yake aliinunua kwa jasho lake mwenyewe. Na mwaka 1968 Mahakama Kuu hiyohiyo ilishawahi kuwajibu wanawake wa Kihaya kwamba inawaonea huruma, ila mila haibadilishwi na mahakama, wataibadilisha wenye mila wenyewe. Kwa hiyo anayosema baba yako mdogo hakuyatunga. Yapo kwenye maandishi.

Mahakama ya Wilaya Muleba ikapindua. Ikasema sasa Katiba ina haki za binadamu, mwanamume na mwanamke ni sawa. Ndipo Ephrahim akakata rufaa Mwanza, jalada likaangukia mezani kwa Mwalusanya.

Hapo lazima nikupeleke nyuma kidogo. Haki hizo ziliingizwa kwenye Katiba yetu mwaka 1984. Lakini serikali iliomba muda, ikapewa miaka mitatu ya kusafisha sheria zake, na katika muda huo huwezi kwenda mahakamani kudai kwamba sheria fulani inavunja haki zako. Mlango ulifunguliwa Machi 1988. Miaka mitatu ikapita, sheria nyingi zikawa bado zinanuka vilevile. Majaji wengi waliuchungulia huo mlango. Mwalusanya aliingia.

Akasema kanuni ya 20 inambagua mwanamke kwa sababu tu ni mwanamke, na ibara ya 13 ya Katiba imekataza ubaguzi. Akataja mikataba ya kimataifa ambayo Tanzania imesaini, akamtaja Mwalimu Nyerere na aliyoyaandika juu ya hali ya mwanamke katika jamii zetu za kale. Kisha hakuichana sheria ya 1963. Alitumia kifungu cha sheria ya mpito ya 1984 kinachomruhusu jaji kuisoma sheria ya zamani kwa marekebisho ili ilingane na Katiba. Kwa hiyo kanuni ya 20 ikabaki kwenye kitabu, ila tangu siku ile isomwe kwamba wanaume na wanawake wana haki sawa ya kurithi na kuuza ardhi ya ukoo. Zile za 1944 akasema ni batili.

Kuna sehemu moja niliichapa nikacheka peke yangu ofisini. Jaji anasema kinachomshangaza ni kwamba aliyelibeba jambo hili mpaka hapo ni mama mzee wa kijijini, na si wanawake wasomi wa mjini waliokaa miaka wakiimba kaulimbiu bila kuleta matokeo. Hakimu wetu alikuwa mwanamke. Nilipompelekea nakala nilisimama mlangoni nimwone akifika pale. Alisoma, akavua miwani, akasema "Haya, tumesikia," akaendelea kusoma.

Nikupe na jambo ambalo wengi wanaoipeperusha hukumu hii hawalijui, kwa sababu hawakuisoma mpaka mwisho. Mwalusanya hakumwacha Ephrahim mikono mitupu. Alisema mila ya kukomboa ardhi ya ukoo inabaki: mwanaukoo akiuza kwa mgeni bila ridhaa ya wenzake, mwenzake yeyote anaweza kuikomboa kwa kumrudishia mnunuzi bei aliyolipa. Hilo sasa lihusu mwanamume na mwanamke sawasawa. Akampa Ephrahim miezi sita alipe zile 300,000 aichukue ardhi. Asipolipa, ni ya mnunuzi moja kwa moja.

Ukienda kwenye kikao ukasema "Mwalusanya alifuta ukoo", mzee mmoja anayeijua hukumu atakuaibisha. Hakufuta ukoo. Aliuambia ukoo ukiipenda ardhi, leteni hela, kama ambavyo mngeleta kama aliyeuza angekuwa kaka yenu.

Mtarime_01

Mzee karani umetisha. Sisi watu wa Mara jina hilo tunalo kwa habari nyingine kabisa, mambo ya mirathi hatuyajui.

Enzi hizo za wizi wa ng'ombe na ugomvi wa koo kulikuwa na sheria ya mkoloni ya 1921 ya kuwahamisha watu kwa amri. Hushtakiwi, husikilizwi, amri ya Rais inatoka unaondolewa mkoani kwenu. Jirani yetu alichukuliwa asubuhi akiwa na maziwa mkononi, mkewe akadhani anaitwa kwa balozi. Mwaka 1988 ikaja kesi ya Chumchua Marwa dhidi ya mkuu wa Gereza la Musoma. Mwalusanya akasema sheria ile inavunja Katiba. Mlango umefunguliwa Machi, mwaka haujaisha yeye ameshaangusha sheria ya Rais!

Halafu Daudi Pete. Huyu alishtakiwa Musoma kwa unyang'anyi wa kutumia nguvu. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, kifungu cha 148, ilikuwa inasema kosa hilo halina dhamana, hakimu hana la kufanya. Mwalusanya akasema hapana, huwezi kumfungia mtu ambaye hajapatikana na hatia bila hata kumsikiliza. Mkurugenzi wa Mashtaka akakata rufaa. Mwaka 1991 Mahakama ya Rufani, na Jaji Mkuu Nyalali mwenyewe ndiye aliyeandika, ikakubali kwamba kifungu kile kinavunja Katiba.

Mjomba wangu alikaa mahabusu mwaka na miezi kabla ya hapo, kwa kosa hilohilo, kisha akaachiwa hana kesi ya kujibu. Ng'ombe wake walikuwa wameshagawanywa. Kwa hiyo sisi hatukuhitaji kufundishwa maana ya ile hukumu.

LLB_Mwaka_wa_3

Naomba niongezee na nipunguze kidogo, kwa heshima zote kwa mzee.

Kwenye dhamana, msiondoke na picha kwamba mambo yaliisha 1991. Kifungu cha 148 kilirekebishwa, leo makosa kama mauaji, uhaini na unyang'anyi wa kutumia silaha hayana dhamana. Mwaka 2020 Mahakama Kuu ilikitangaza tena kwamba kinavunja Katiba, kwenye kesi ya Dickson Sanga. Ilikuwa Mei. Agosti mwaka huohuo Mahakama ya Rufani ikapindua.

Na hukumu yake kubwa kuliko zote nyie hamjaigusa: Mbushuu. Juni 1994, akiwa Mahakama Kuu Dodoma, alitamka kwamba adhabu ya kifo inavunja Katiba. Washtakiwa wawili walikuwa wamepatikana na hatia ya kuua, akakataa kuwahukumu kunyongwa, akawapa kifungo cha maisha. Mwalimu wetu darasani alituambia hiyo ndiyo hukumu ya kwanza ya aina yake aliyoisoma akiwa mwanafunzi akasahau kula.

Ila tuseme ukweli, Januari 1995 ilipinduliwa. Jaji unayepinduliwa kila ukipaa, ni shujaa au ni mkorofi tu? Nauliza kwa nia njema.

Karani_Mstaafu

Kijana, swali zuri, na nia yako naiona. Ila "kila ukipaa" umeongeza chumvi. Pete haikupinduliwa, mwenzako wa Tarime amekwambia.

Mbushuu niliipata wakati huo tuna mashine ya kudurufu, kwa hiyo niliisoma kwa macho. Mwalusanya hakusema tu "kuua ni kubaya". Aliangalia jinsi mtu anavyosubiri kunyongwa, jinsi kamba yenyewe inavyofanya kazi au kushindwa kufanya kazi, na maskini anapatiwa utetezi wa namna gani. Akauliza kama jamii haiwezi kulindwa kwa kumfunga mtu maisha. Akajibu inaweza.

Ikapanda Mahakama ya Rufani, majaji watatu: Makame, Ramadhani na Lubuva. Sasa hapa ndipo ninapowagombeza vijana wanaosoma mstari wa mwisho tu. Majaji wale walikubaliana naye kwamba kunyonga ni adhabu ya kikatili, isiyo ya kibinadamu na yenye kudhalilisha. Walikubali! Walipoachana naye ni kwenye ibara ya 30, inayoruhusu sheria kubana haki kwa ajili ya maslahi ya jamii. Wakasema jamii ya Tanzania ndiyo ya kuamua, na haijaonyeshwa kwamba adhabu hiyo imepita kiasi. Wale wawili wakarudishiwa kifo.

Kwa hiyo tuna hukumu ya mahakama ya juu kabisa nchini inayosema kwa sauti moja: ni ukatili, na ni halali. Niliwahi kumsomea mke wangu hayo maneno mezani, akaniuliza "Sasa wewe umeelewa?" Nikamwambia mimi karani.

Miezi michache baadaye, tarehe 6 Juni 1995, Mahakama ya Katiba ya Afrika Kusini ikaifuta adhabu ya kifo kule kwao, kesi ya Makwanyane. Humo ndani wameijadili Mbushuu yetu, ya Dodoma na ya Rufani zote mbili. Na huku kwetu sheria haijabadilika, mtu akipatikana na hatia ya mauaji hakimu au jaji hana chaguo jingine, lakini tangu katikati ya miaka ya 1990 hakuna aliyenyongwa. Mwaka 2019 Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu, hiyo ya Arusha, ikasema katika kesi ya Ally Rajabu na wenzake kwamba kumlazimisha jaji kutoa kifo bila kuangalia mazingira ya kosa ni kuvunja haki ya kuishi.

Sijibu kama ni shujaa au mkorofi. Ila nikuambie jambo jingine, maana unasoma sheria na utakutana nalo. Huko Dodoma huyohuyo Mwalusanya alitoa uamuzi kwenye kesi ya Peter Ng'omango, kwamba kile kifungu kinachosema huwezi kuishtaki serikali mpaka Waziri akupe kibali ni batili. Fikiria: umegongwa na gari la serikali, unamwomba mwenye gari ruhusa ya kumshtaki. Mwaka 1993 Mahakama ya Rufani nayo ikasema hivyohivyo kwenye kesi ya Ole Pumbun ya kutoka Arusha. Mwaka 1994 Bunge likaondoa kibali, likaweka notisi ya siku 90. Hiyo notisi bado ipo, niliipokea masijala mpaka nastaafu.

Na mwaka huohuo 1994 ikatungwa sheria namba 33, ya utaratibu wa kudai haki za msingi. Ikasema shauri la namna hiyo lisikilizwe na majaji watatu. Kabla ya hapo jaji mmoja, na kalamu yake, alitosha. Mimi sikuwemo bungeni, sijui walikuwa wanamfikiria nani. Lakini makarani tuna mdomo, na kwenye chai ya saa nne wote tulitaja jina moja.

LLB_Mwaka_wa_3

Mzee nimekaa. Hiyo ya majaji watatu nimeisoma kama kifungu tu, sikuwahi kuiweka na tarehe ya Mbushuu.

Bwana_Shamba

Tunamsifia sana jaji ila mimi naona mahakama inavuruga koo. Binti akiolewa Mbeya akauza kibanja kwa tajiri wa mjini, yule tajiri akifukua makaburi mtamwita jaji aje kuyafukia? Mila ilikuwa na sababu yake.

Karani_Mstaafu

Sababu ilikuwepo, sikatai. Lakini nimeona vijana wa kiume wameuza kibanja chenye makaburi ya babu zao kwa ajili ya pikipiki, na ukoo haukukaa kikao. Kama shida ni makaburi, kuna ule mlango wa kukomboa. Kama shida ni kwamba muuzaji kavaa gauni, hiyo ndiyo aliyoikataa jaji.

Koku_Kamachumu

Shikamoo mzee. Nimesoma yote nikiwa zamu, mgonjwa wa kitanda cha nne kaniuliza kama nimepata habari mbaya.

Maswali mawili. Kwanza, hukumu ya Mahakama Kuu ya 1990, leo hakimu wa mwanzo anaifuata? Maana nimesikia kuna wajane wa Shinyanga walikwenda mahakamani wakashindwa. Pili, mimi siuzi. Nataka kuondoa mibuni iliyozeeka nipande mipya, na wadogo zangu wasome. Sasa hiyo habari ya baba mdogo kukomboa inanihusu?

Karani_Mstaafu

Marahaba binti.

La wajane ni kweli, na ni la kusikitisha. Wawili walikwenda Mahakama Kuu kupinga tangazo lilelile la 1963, kwa sababu waume zao walipokufa walitolewa nyumbani. Mwaka 2006 majaji wakakubali kwamba kanuni zile zinabagua, halafu wakakataa kuzifuta, eti wakianza kugusa mila moja watagusa zote. Rufaa yao ikatupwa mwaka 2010 kwa kasoro za karatasi. Wakaenda mpaka Kamati ya Umoja wa Mataifa ya kuondoa ubaguzi dhidi ya wanawake, na mwaka 2015 kamati ikasema Tanzania imevunja haki zao. Tangazo la 1963 bado lipo kwenye vitabu. Kwa hiyo ukikutana na hakimu asiyesoma, anaweza kukusomea kanuni ya 20 kama ilivyoandikwa, na baba mdogo akatoka anapiga makofi.

Ndiyo maana usiende na jina la Mwalusanya peke yake. Nenda pia na Sheria ya Ardhi ya Vijiji, namba 5 ya 1999, kifungu cha 20: mila yoyote inayomnyima mwanamke haki ya kumiliki, kutumia au kupata ardhi ni batili. Hiyo imetungwa na Bunge. Alichokisema jaji mmoja Mwanza mwaka 1990, Bunge lilikuja kukiandika miaka tisa baadaye.

La pili: kukomboa kunahusu ardhi iliyouzwa kwa mtu wa nje ya ukoo bila ridhaa. Hujauza, hakuna cha kukomboa. Baba mdogo hawezi kukuletea hela leo akakwambia toka, nakukomboa.

Cha kufanya ni hiki, na hapa naongea kama karani kweli. Wosia halisi usiutoe mkononi, hata kwa mjumbe mwenye sura ya upole. Toa nakala tatu. Kikao kijacho kiandikwe muhtasari, wote waliohudhuria wasaini, na shangazi yako asaini pia. Kisha nenda Mahakama ya Mwanzo ukafungue mirathi na uombe kuwa msimamizi. Kama ukoo umemteua baba mdogo, unaweza kuweka pingamizi, na hakimu ndiye anayeteua, ukoo unapendekeza tu. Watu wengi hawajui hilo. Nimeona muhtasari wa kikao unapelekwa masijala kama vile ni hukumu ya Mahakama ya Rufani.

Na kumbuka msimamizi si mrithi. Ukiteuliwa una kazi ya kugawa kama wosia unavyosema na kuirudishia mahakama hesabu, pamoja na sehemu ya yule mdogo wako wa kidato cha tatu.

Mtarime_01

Binti chukua hiyo ya kifungu cha 20, ichape kwa herufi kubwa.

Seremala_wa_Nyakato

Mimi niko kwa shangazi tu. Je, kiti amepata?

Koku_Kamachumu

Mrejesho, wakuu.

Kikao kilikaa jana. Nilikuwa nimechapisha hukumu yote, ya Kiingereza, na kifungu cha 20 kwa Kiswahili. Shangazi alipewa kiti, na hakukikalia. Alikaa palepale mlangoni na kisu chake cha ndizi, akasema hapo anasikia vizuri zaidi.

Nilisoma zile tarehe za Agosti 1988 kwa sauti. Wazee wawili waliikumbuka kesi, mmoja akasema Kashasha anapajua, akaanza kueleza nani alikuwa nani mpaka tukamwomba arudi kwenye ajenda. Muhtasari umeandikwa na nimependekezwa kuwa msimamizi, kwa sharti kwamba nisiuze kwa mtu wa nje bila kuwaambia. Nimekubali, maana hata Mwalusanya hakulikataa hilo. Wamesaini kumi na moja. Shangazi ameweka dole gumba, wino ukabaki kwenye ndizi.

Baba mdogo alisaini wa mwisho. Leo asubuhi amenipigia simu. Habari za mila hakuzigusa. Ameuliza hivi: "Zile laki tatu za 1988, kwa pesa ya leo ni kama shilingi ngapi?"

Karani_Mstaafu

Mjibu hujauza.